Akanthosaiti ni nini? Seli nyekundu za damu zenye miiba na zile zinazofanana nazo

Akanthosaiti ni seli nyekundu ya damu iliyotokeza miiba. Miiba yenyewe ni michache, aghalabu kati ya 2 na 20 kwa seli moja, na haina mpangilio: upande mmoja imesongamana, upande wa pili kuna pengo, mmoja ni mrefu, jirani yake ni butu, mwingine ncha imevimba. Damu ikiwa na seli za namna hii kwa wingi, hali hiyo huitwa akanthosaitosisi. Hilo ni jina la umbo lililoonekana kwenye hadubini, si jina la ugonjwa. Mtu aliyeandikiwa neno hili kwenye majibu ya maabara bado hajaambiwa anaumwa nini.

Seli nyekundu iliyo salama ni bapa, imebonyea katikati pande zote mbili, na ina upana wa maikromita 7 hadi 8. Kwenye slaidi iliyotiwa rangi, sehemu iliyobonyea huonekana kama doa jeupe linalochukua karibu theluthi moja ya upana wa seli. Kwa kubonyea hivyo, seli inakuwa na utando mwingi kuliko unaohitajika kufunika kilichomo ndani, ndiyo maana inaweza kukunjika, ikapita kwenye mishipa myembamba kuliko yenyewe, na ndani ya wengu ikapenya nyufa zenye upana wa maikromita 1 hivi. Maisha yake ni kama siku 120. Akanthosaiti imepoteza ulaini huo. Imekaza, imekaribia kuwa tufe, na lile doa jeupe limefifia au halipo kabisa. Wengu, ambao kazi yake mojawapo ni kuondoa seli zisizokunjika, huzinasa na kuziharibu kabla ya wakati wake. Mwenye nazo nyingi anaweza kupungukiwa damu, macho yakawa ya manjano na wengu ukavimba.

Miiba iliyojipanga ni habari nyingine

Kosa la kawaida ni kuita akanthosaiti kila seli yenye miiba. Kuna ekinosaiti. Hii ina miiba 10 hadi 30, mifupi, inayolingana, iliyoachana kwa nafasi sawa kuzunguka seli nzima, hata ukingo wake unafanana na kizibo cha soda. Doa jeupe la katikati mara nyingi bado linaonekana.

Tofauti hiyo inabeba uzito mkubwa kuliko inavyodhaniwa. Ekinosaiti za kweli zipo: huonekana figo zinaposhindwa kazi, kwa watu waliorithi upungufu wa kimeng'enya cha pairuveti kinesi, na pale fosfeti au magnesiamu ya damu inaposhuka sana. Lakini nyingi zinazokutwa kwenye slaidi zimetengenezwa na maabara yenyewe. Damu ikikaa kwenye chupa ya EDTA (dawa ya kuzuia damu isigande), seli zinaendelea kula glukosi iliyomo, nishati yake ya ATP inaisha, na utando unaanza kujikunja kuwa miiba midogo iliyolingana. Kioo cha slaidi nacho huongeza alkali kwenye tone la damu na kuleta umbo hilohilo. Damu ikikaushwa polepole, au ikipakwa kwenye slaidi yenye unyevu, matokeo ni yaleyale.

Ekinosaiti ya aina hii hurudi kwenye umbo lake ikioshwa na kuwekwa kwenye plazma mpya (maji ya damu yasiyo na seli). Akanthosaiti hairudi.

Yapo pia maumbo mengine yanayochanganywa nazo, na moja linastahili kutajwa kwa sababu ya uharaka wake: skistosaiti. Hiki ni kipande cha seli iliyokatwa, chenye pembe kali mbili au tatu na upande mmoja ulionyooka. Ni dogo kuliko seli nzima. Skistosaiti zinaweza kuashiria kuganda kwa damu ndani ya mishipa midogo, na hilo halingoji kesho. Kuziandika kama akanthosaiti ni kumchelewesha mgonjwa.

Miiba inatokana na nini

Utando wa seli una matabaka mawili ya mafuta yaliyogusana, la nje na la ndani. Mwaka 1974 Sheetz na Singer walieleza kanuni ambayo bado inatumika: tabaka la nje likitanuka kuliko la ndani, ziada hiyo haina pa kwenda ila kutokeza nje, na seli inaota miiba; likitanuka la ndani, seli inabonyea na kuwa kama bakuli. Kwa hiyo swali la kuuliza kila mara ni kitu gani kimeingia kwenye tabaka la nje, na kimetoka wapi.

Kwenye ugonjwa mkali wa ini jibu ni kolesteroli. Ini lililoharibika, hasa kwa sirosisi (makovu ya ini) ya pombe, linaachia kwenye plazma lipoproteini, yaani chembe zinazobeba mafuta kwenye damu, zenye kolesteroli nyingi kupita kiasi kulinganisha na fosfolipidi, mafuta makuu ya utando. Seli nyekundu hazina uwezo wa kujitengenezea mafuta ya utando, zinabadilishana tu na plazma inayozizunguka, kwa hiyo zinainyonya kolesteroli hiyo. Mwanzoni seli inatanuka na kuwa bapa zaidi. Kisha, kila inapopita kwenye wengu, inapunguzwa utando kidogo kidogo mpaka inabaki mviringo, ngumu na yenye miiba. Ushahidi kwamba kasoro iko kwenye plazma, si kwenye uboho, ni kwamba seli salama za mtoaji damu zikiongezwa kwa mgonjwa huyu nazo huota miiba. Ndiyo sababu kuongezewa damu hakumsaidii kwa muda mrefu. Akanthosaiti zinapozidi 5% kwa mtu mwenye sirosisi, madaktari huichukulia kuwa dalili mbaya ya hali ya ini lenyewe, na tiba inayoondoa tatizo kwenye mzizi wake ni kupandikizwa ini jipya.

Ugonjwa uliolifanya neno hili lijulikane ni mwingine, nao ni nadra. Mwaka 1950 Bassen na Kornzweig walieleza habari za msichana wa miaka 18 mwenye retina (tabaka la nyuma ya jicho linalopokea mwanga) inayoharibika, mwendo usio na mizani, na seli nyekundu zenye miiba. Leo ugonjwa huo unaitwa abetalipoproteinemia. Mtoto hurithi jeni mbovu ya MTTP kutoka kwa wazazi wote wawili, na bila protini ya jeni hiyo, utumbo na ini vinashindwa kufungasha mafuta ndani ya lipoproteini zenye apolipoproteini B. LDL, lipoproteini inayobeba sehemu kubwa ya kolesteroli, haipo kabisa kwenye damu. Kolesteroli ya jumla huwa chini mno, mara nyingi chini ya mg 50 kwa desilita. Hapa kinachojaa kwenye tabaka la nje la utando ni sfingomielini, aina nyingine ya mafuta ya utando, na seli zenye miiba hufika 50% hadi 90%.

Jambo la kushangaza kidogo ni kwamba upungufu wa damu kwa watoto hawa huwa si mkali. Kinachowaumiza ni vitamini. Mafuta yasipofyonzwa, vitamini E, A, D na K nazo hazifyonzwi. Kinyesi kinakuwa cha mafuta, mtoto hakui vizuri, na miaka inavyokwenda ukosefu wa vitamini E unaharibu neva na retina. Tiba ni kupunguza mafuta kwenye chakula na kutoa vitamini E kwa dozi kubwa ya mdomo, IU (vipimo vya kimataifa) 100 hadi 300 kwa kila kilo ya uzito kwa siku, pamoja na vitamini nyingine kwa usimamizi wa daktari. Ikianza mapema, inazuia madhara mengi ya neva. Ikichelewa, kilichokwisha kuharibika kwa sehemu kubwa hakirudi. Akanthosaiti kwenye slaidi ya mtoto mdogo anayeharisha mafuta, kwa hiyo, ni habari ya kumpigia daktari simu siku hiyohiyo.

Kundi la tatu linagusa ubongo. Katika korea-akanthosaitosisi jeni yenye hitilafu ni VPS13A, na dalili huanza zaidi miaka ya 20 au 30: mwili unachezacheza bila hiari, mgonjwa anajiuma midomo na ulimi, ulimi unasukuma chakula nje wakati wa kula, na wengine wanapata degedege. Kimeng'enya cha misuli, CK, hupanda. Ugonjwa wa McLeod unafanana na huo, ila hitilafu iko kwenye jeni ya XK iliyo kwenye kromosomu X, hivyo wanaougua karibu wote ni wanaume, na moyo nao unaweza kuathirika. Antijeni ni alama za juu ya seli zinazotambuliwa na kinga ya mwili; seli zao hazina ile ya Kx, na zile za kundi la Kell ni dhaifu. Hili lina athari ya moja kwa moja kwenye benki ya damu: wakiongezewa damu ya kawaida wanaweza kutengeneza kingamwili ambazo zitafanya iwe vigumu mno kupata damu inayowafaa baadaye. Hushauriwa kujiwekea damu yao wenyewe ikiwa imegandishwa. Katika magonjwa haya ya neva, mafuta ya plazma ni ya kawaida. Kasoro iko kwenye seli yenyewe, kwenye protini zinazohamisha mafuta kati ya tando na kati ya matabaka ya utando.

Akanthosaiti chache huonekana pia kwa watu waliotolewa wengu, wenye tezi ya shingo isiyofanya kazi ya kutosha, na waliokondeana kwa kukosa chakula au kwa kujinyima. Hapo kwa kawaida hazileti shida zenyewe.

Namna ya kuitazama slaidi bila kudanganyika

Mashine ya kawaida ya kuhesabu damu inapima idadi na ukubwa wa seli. Miiba haiioni. Hemoglobini na MCV (wastani wa ukubwa wa seli nyekundu) vinaweza kutoka vikiwa vya kawaida kabisa huku robo ya seli zina miiba. Kwa hiyo lazima slaidi ipakwe na itazamwe na mtu.

Ipake ndani ya saa 2 tangu damu kutolewa. Saa 4 ndiyo mwisho wa kustahimili. Chupa ya EDTA ijazwe mpaka alama yake, maana damu kidogo ndani ya dawa nyingi nayo inakunja seli. Shikilia slaidi ya kusukumia kwa pembe ya nyuzi 30 hadi 45, sukuma mara moja bila kusita, kausha haraka kwa hewa, kisha zishikize seli kwenye kioo kwa methanoli isiyo na maji kabla ya kutia rangi. Methanoli iliyovuta unyevu inaleta vitobo vinavyong'aa na kingo za ajabu kwenye seli.

Chini ya hadubini, nenda kwenye eneo ambalo seli zimekaa moja moja, zikigusana kidogo tu. Usihukumu kwa sehemu nene wala kwa mkia wa slaidi. Ukiona karibu kila seli ina miiba kwenye sehemu moja na sehemu nyingine ni safi, shuku ukaushaji. Kisha zitazame seli nyeupe za jirani: kama viini vyake vimevimba na kupoteza mipaka, na saitoplazma ina vitobo, damu hiyo ni ya zamani, na miiba unayoiona inawezekana ni ya chupa, si ya mgonjwa. Omba damu mpya.

Zikithibitika, hesabu. Mwongozo wa mwaka 2015 wa ICSH, baraza la kimataifa la viwango vya hematolojia, unaziita za wastani zikiwa 5% hadi 20% ya seli nyekundu, na nyingi zikizidi 20%. Kuandika tu "akanthosaiti zipo" kunamwacha daktari bila cha kushika. Andika asilimia, taja kama umeona ekinosaiti au skistosaiti pamoja nazo, na taja damu ilikaa muda gani kabla ya kupakwa.

Slaidi kavu ina udhaifu kwa magonjwa ya neva, kwani seli zenye miiba zinaweza kuwa chache au zisionekane siku hiyo. Kuna njia nyeti zaidi: damu inachanganywa sawa kwa sawa na maji ya chumvi yenye heparini, inaachwa kama saa moja, kisha inatazamwa ikiwa mbichi, bila kukaushwa wala kutiwa rangi. Kiwango cha juu cha kawaida kwa njia hii ni 6.3%. Hata hivyo, kutoziona hakufuti ugonjwa. Kipimo cha CK husaidia, na cha jeni ndicho kinachoamua.

Kidokezo kingine kidogo ni ESR, kasi ya seli nyekundu kushuka chini ya kichupa. Seli zenye miiba haziwezi kupangana kwa mafungu, hivyo zinashuka polepole na ESR inatoka ndogo mno, hata pale ambapo ugonjwa wa mwili ungetarajiwa kuipandisha.

Neno hilohilo kwenye mkojo

Ripoti ya mkojo nayo inaweza kutaja akanthosaiti, na hapa maana inabadilika. Seli inayokusudiwa ina umbo la pete lenye vinundu vya mviringo kama vipovu vilivyotokeza ukingoni. Haikuwa hivyo ndani ya mishipa. Imeumbuka ilipobanwa kupita kwenye kichujio cha figo kilichoharibika, kisha ikapita kwenye mirija yenye chumvi inayopanda na kushuka. Inatazamwa kwa hadubini ya fezi kontrasti, kwenye mkojo mpya. Zikifika 5% au zaidi ya seli nyekundu zote za mkojo, zinaelekeza kwamba damu inatoka kwenye glomeruli, yaani vichujio vya figo, si kwenye kibofu wala kwa sababu ya mawe. Hazisemi lolote kuhusu ini, mafuta ya damu au neva, na mwenye ripoti hiyo anahitaji vipimo vya protini ya mkojo na kreatinini (taka ya damu inayoonyesha figo zinavyofanya kazi).