Supu ya viazi na liki: uzito wake unatoka wapi?

Ukimwambia mtu wa Dar es Salaam kwamba asubuhi umekunywa supu, atafikiria mbuzi, utumbo au kongoro, na ndimu na pilipili na chapati pembeni. Kwa hiyo jina "supu ya viazi na liki" huwachanganya wengi. Nyama haimo, wala mafuta hayaelei juu. Ni nzito na laini, nyeupe yenye ukijani kwa mbali. Kwetu ndugu yake wa karibu ni mtori wa Wachaga, ule wa ndizi na nyama zilizochemshwa pamoja zikapondwa, anaopewa mzazi aliyetoka kujifungua. Mtori hushikwa na ndizi, na supu hii hushikwa na viazi.

Uzito wake wote, basi, ni wanga wa kiazi. Hakuna unga wa ngano, na hata krimu si lazima. Kiazi kinapochemka, chembe za wanga ndani yake hunyonya maji na kuvimba, na ukikiponda zinasambaa kwenye maji na kuyafanya mazito. Ndiyo sababu viazi vya unga, vile vinavyovunjika vikiiva, vinafaa kuliko vile vinavyobaki vigumu na kung'aa. Tena ndiyo sababu blenda inataka uangalifu: ukiiacha izunguke muda mrefu, chembe hizo hupasuka na supu huanza kuvutika kama gundi. Mimi naponda kwa mwiko, na vipande viwili vitatu vikibaki sijali. Naona ndivyo inavyokuwa tamu zaidi.

Liki ni jamaa ya kitunguu maji na kitunguu saumu, ila ukali wake ni wa upole. Sehemu nyeupe si shina, ni majani yaliyokunjana kwa kubanana. Mkulima huiinulia udongo inapokua ili jua lisiifikie, ibaki nyeupe na laini. Udongo huohuo huingia katikati ya majani, kwa hiyo kuiosha nje tu hakutoshi. Ipasue kwa urefu, ikate vipande vyembamba, itumbukize kwenye bakuli la maji, ichanganye kwa mkono, kisha iopoe kwa juu. Usimwage kila kitu kwenye chujio, maana mchanga ulioshuka chini utarudi.

Wafaransa huiita supu hii potage Parmentier. Antoine-Augustin Parmentier alikuwa mfamasia wa jeshi aliyetekwa na Waprusi katika Vita vya Miaka Saba (1756 hadi 1763), na kifungoni akalishwa viazi. Ufaransa wakati ule wengi walikiona kiazi kuwa chakula cha nguruwe. Alipotoka akiwa mzima wa afya, alitumia miaka mingi kuwashawishi wenzake wakile. Hadi leo, ukiona jina lake kwenye orodha ya vyakula vya Kifaransa, jua kuna viazi. Supu hiyohiyo ikipoozwa na kutiwa krimu huitwa vichyssoise, na hilo lilitoka New York, kwa mpishi Mfaransa Louis Diat wa hoteli ya Ritz-Carlton. Alikumbuka jinsi yeye na kaka yake, wakiwa watoto, walivyoipooza supu ya mama yao kwa maziwa baridi wakati wa joto.

Kwa watu wanne hadi sita, chukua nusu kilo ya liki, ukipima sehemu nyeupe na ile ya kijani kibichi hafifu, nusu kilo ya viazi (mbatata, kwa watu wa Pwani), na maji lita moja na robo. Yeyusha vijiko viwili vya siagi, tia liki na chumvi kidogo, funika, na uache moto uwe mdogo sana kwa dakika 10 au 15. Hapa ndipo supu inapopatikana au kupotea. Liki inatakiwa ilegee na kutoa majimaji yake bila kubadilika rangi. Ikishika rangi ya kahawia, ladha ya kitunguu kilichokaangwa itatawala, na utakuwa umepika kitu kingine kabisa. Kisha tia viazi vilivyokatwa na maji, chemsha taratibu nusu saa, na uponde. Maji matupu yanatosha. Mchuzi wa kuku ni mtamu, lakini huifunika liki. Malizia na maziwa au krimu kidogo na pilipili manga.

Ikilala hadi kesho itakuwa imeganda. Iongezee maji kidogo unapoipasha moto, ukikoroga ili isishike chini, na uonje chumvi upya. Ukitaka kuinywa baridi, itie chumvi zaidi kidogo kuliko ya moto, kwa sababu ubaridi hupunguza makali ya chumvi ulimini.