Aktiveta ya Windows haiondoki ikishamaliza kazi

Kompyuta iliyopelekwa kwa fundi kupigwa Windows mara nyingi hurudi na mgeni ambaye mwenyewe hakumwalika: aktiveta, yaani programu ya kuifanya Windows ijione ina leseni halali hata kama haijalipiwa. Wengi hudhani ni programu ya dakika mbili tu, ikishafungua inaishia hapo. Sivyo, na hatari yake inaanzia hapo hapo.

Microsoft ina mfumo wa leseni kwa taasisi kubwa, unaoitwa KMS. Kompyuta za ofisi au chuo huomba idhini kwa seva ya ndani, kwa kawaida kupitia mlango wa mtandao namba 1688. Idhini hiyo hudumu siku 180, na kila baada ya siku 7 kompyuta huirudia seva ili hesabu ianze upya.

Aktiveta nyingi za leo hujifanya ndiyo hiyo seva, ndani ya kompyuta yako mwenyewe. Kwa kuwa idhini ina mwisho, nyingi hubaki humo: hujipandikiza kama huduma au kazi iliyopangwa, zikawa zinaamka zenyewe kwa mamlaka ya juu kabisa. Zile za enzi za Windows 7 zilitangulia hata Windows yenyewe kuwaka, zikaidanganya kwamba BIOS, programu ya ubao mama inayoiwasha kompyuta, ina jedwali la SLIC, yaani alama ya leseni ya kiwandani.

Kabla ya kuweka aktiveta unaambiwa uzime Defender, kinga ya virusi ya Windows, na folda ya aktiveta uitoe kwenye ukaguzi. Hata Defender ikiwashwa tena, folda ile haikaguliwi. Mwaka 2021 kampuni ya usalama ya Red Canary ilieleza kuhusu kifurushi cha KMSPico, mojawapo ya aktiveta hizo, kilichobeba CryptBot, kirusi kinachochota nywila za vivinjari na pochi za sarafu za kidijitali. KMSPico nayo iliwekwa kweli! Mwathirika anaona Windows imekubali, basi ashuku nini?

Fungua Command Prompt, dirisha la kuandikia amri, andika slmgr /xpr. Kompyuta binafsi, isiyo ya ofisi wala chuo, ikikujibu kwamba idhini ina tarehe ya kwisha, usiishie kuifuta aktiveta. Hifadhi nyaraka zako, piga Windows upya kwa faili kutoka tovuti ya Microsoft, kisha badilisha nywila ukitumia kifaa kingine, ukianza na ya barua pepe.

Na kabla ya yote, ulizia historia ya mashine. Kompyuta nyingi zilizotoka kiwandani na Windows 8 au toleo la baadaye zina ufunguo wao wa leseni ndani ya ubao mama, kwenye jedwali la MSDM. Ukirudisha toleo lilelile, Windows huusoma ufunguo huo na kujiidhinisha yenyewe ikipata intaneti. Inaniuma kuona aktiveta kwenye mashine ambayo mwenyewe alishailipia leseni siku aliyoinunua.