Jairo ya upepo: mipira ya hewa kwanza, kifaa baadaye

Kiangazi cha Tabora hakina huruma na jairo, kifaa cha ndege chenye gurudumu linalozunguka, kinachomwonyesha rubani mkao wa ndege yake. Kuna vumbi, kuna moshi wa mapori yanayochomwa, na hewa inakuwa nzito kiasi kwamba rubani hauoni tena mstari wa upeo wa macho. Ndiyo miezi anayokihitaji zaidi kifaa hiki, na ndiyo miezi kinayoteseka.

Pampu inayoendeshwa na injini hunyonya hewa kutoka ndani ya kasha la jairo. Hewa mpya huingia kupitia filta, hupiga vikombe vidogo kwenye gurudumu, nalo huzunguka zaidi ya mara 10,000 kwa dakika. Likishika kasi, hung'ang'ania mkao wake hata ndege ilale vipi. Hewa hiyo hiyo hupita jirani na beringi, kwa hiyo uchafu uliomo huzifikia.

Wenye ndege wengi hutaka nifungue boksi, nifunge kipya, waruke. Mimi huuliza kwanza: pampu ya zamani ilikufaje? Pampu kavu ina mapezi ya kaboni. Yakivunjika ghafla, kasha bado lina ombwe (utupu wa hewa), nalo huvuta unga wa kaboni kurudi kwenye jairo. Unaobaki kwenye mipira inayopitisha hewa utaiua pampu mpya. Kwa hiyo mipira naisafisha au naitupa, na filta nabadilisha bila mjadala. Tepu nyeupe ya mafundi bomba sitaki kuiona kwenye nyuzi za viungio: kipande kikikatika, kinanyonywa.

Kufunga kwenyewe kunaanza na kuisawazisha ndege kwa pima maji, kwa sababu dashibodi za ndege nyingi zimeinama kidogo, na kifaa lazima kilingane na mwinamo huo. Skrubu ziwe za shaba, maana chuma huipotosha dira iliyo karibu. Zikazwe kwa mkono wa upole. (Na jairo inayozunguka usiing'oe, subiri isimame kabisa.)

Ukiwasha injini, geji ya mvuto wa hewa kwa kawaida isome kati ya inchi 4.5 na 5.5 za zebaki, ila kitabu cha ndege husika ndicho chenye neno la mwisho. Ikishuka baada ya miezi, usikimbilie kuzungusha regileta, yaani kidhibiti cha mvuto huo. Fungua filta uitazame. Huku kwetu mara nyingi utaikuta imegeuka rangi ya udongo.