Joka-maji si mjusi wa miaka mitatu

Wanaonunua mjusi joka-maji akiwa bado kinda huambiwa mara nyingi kwamba huishi miaka mitatu au minne tu, na kwamba hakui kupita ukubwa wa kizimba anamofugwa. Madai yote mawili si sahihi.

Joka-maji wa Asia, *Physignathus cocincinus*, ambaye makazi yake ya asili ni misitu ya kandokando ya mito ya Vietnam, Thailand na kusini mwa China, huishi miaka 10 hadi 15 akitunzwa ipasavyo. Dume hufikia takriban sentimita 90, ingawa sehemu kubwa ya urefu huo ni mkia. Kizimba kidogo hakimzuii kukua, bali humwumiza: kwa kuwa hatambui ukuta wa kioo wa kizimba, husugua pua hapo mpaka ngozi ichubuke na kidonda kioze.

Dhana ya maisha mafupi, kwa maoni yangu, imetokana na vifo vinavyoepukika. Bila mionzi ya UVB, aina ya mionzi ya urujuanimno iliyomo katika mwanga wa jua, ambayo kizimbani hutolewa na taa maalumu, mwili hautengenezi vitamini D3 ya kutosha, kalsiamu ya chakula hainyonywi vizuri, na mwili huanza kuichota mifupani; vidole hutetemeka, taya hulegea. Taa hiyo kuendelea kuwaka si ushahidi wa usalama, kwani mionzi hiyo hufifia kabla ya mwanga unaoonekana, na ndiyo maana taa hubadilishwa kwa ratiba. Anahitaji pia unyevu wa hewa wa asilimia 80 hivi, matawi ya kupanda, na beseni la kuogelea linalosafishwa kila siku, maana hujisaidia humohumo.