Je, wajua kwa nini grandmasta wa kwanza wa sataranji kutoka kusini mwa Sahara alipatikana mwaka 2007 tu?

Mji wa Arnhem uko mashariki mwa Uholanzi, karibu na mpaka wa Ujerumani. Huko ndiko, Agosti 2007, Amon Simutowe, kijana wa Ndola nchini Zambia, alikokamilisha sharti lililomfanya awe grandmasta wa kwanza wa sataranji kutoka Afrika kusini mwa Jangwa la Sahara. Shirikisho la sataranji duniani, FIDE, lilianza kutoa rasmi cheo hicho, cha juu kabisa katika mchezo huu, mwaka 1950, likawapa wachezaji 27 kwa mpigo. Ina maana ilichukua miaka 57 kwa cheo hicho kuufikia upande wetu wa bara. Kwa nini muda wote huo?

Wengi hujibu haraka: hatuna vitabu, hatuna walimu, mchezo wenyewe haupendwi. Yapo ya kweli humo, lakini jibu zito zaidi limejificha ndani ya kanuni za cheo, na ni wachache wanaozisoma.

Ili uwe grandmasta unahitaji mambo mawili. La kwanza ni kufikisha alama 2500 za Elo, mfumo wa kupima ubora uliobuniwa na Arpad Elo, profesa wa fizikia wa Marekani aliyezaliwa Hungaria. La pili ni kupata nomu tatu. Nomu ni mashindano ambayo ndani yake umecheza kwa kiwango cha alama 2600, kwa kawaida katika michezo tisa. Lakini si mashindano yoyote tu. Kati ya wapinzani wako tisa, watatu lazima wawe tayari ni grandmasta. Wastani wa alama zao usipungue 2380. Na kwa kawaida baadhi yao lazima watoke nchi nyingine. Ukikutana na kundi la wastani huo wa chini kabisa, unatakiwa uvune pointi 7 kati ya 9, ushindi ukiwa pointi moja na sare nusu.

Soma tena sharti la wale watatu. Cheo hiki hukipati mpaka ukae meza moja na watu waliokwisha kukipata. Nchi isiyo na grandmasta hata mmoja itawatoa wapi watatu? Ama iwalipie nauli na hoteli waje, ama mchezaji wake apande ndege awafuate.

Hata alama za Elo zina mtego wake, nao ndio unaoniuma zaidi kwa sababu hauonekani. Alama hizi huchotwa kwa mpinzani. Ukimshinda aliyekuzidi, unachota nyingi. Ukimshinda wa chini yako, unapata tone. Chukua mchezaji wa 2400 anayecheza nyumbani na mwenzake wa 2000. Akishinda anaongeza 0.8. Wakitoka sare anapoteza 4.2, na akishindwa zinaondoka 9.2. Siku moja ya homa au usingizi mbaya inahitaji ushindi 12 kuifidia! Ndiyo maana taifa lenye wachezaji hodari wanaokutana wao kwa wao tu hufanana na upatu: fedha huzunguka mikononi mwa walewale, na mfuko hauongezeki mpaka mtu alete kitu kutoka nje.

Sasa mtazame Simutowe. Mwaka 2000, huko Yerevan, Armenia, alishika nafasi ya pili katika mashindano ya dunia ya vijana, nyuma ya Lázaro Bruzón wa Cuba. Wa pili duniani kwa vijana! Kipaji kilikuwa wazi kwa kila mwenye macho. Hata hivyo, ilimchukua miaka saba zaidi kukamilisha nomu zake. Katikati ya safari hiyo alisoma Chuo Kikuu cha Texas kilichopo Dallas, Marekani, ambacho kina utaratibu wa kuwafadhili wachezaji wa sataranji, na hapo akapata wapinzani wa kumnoa. Cheo chenyewe kilithibitishwa 2009.

Mlinganishe na Abhimanyu Mishra, mtoto wa New Jersey aliyeweka rekodi ya kuwa grandmasta akiwa na miaka 12, miezi 4 na siku 25. Ingawa Marekani ina grandmasta wengi, mwaka 2021 yeye na baba yake walihamia Budapest kwa miezi kadhaa. Pale huandaliwa mashindano madogo, moja baada ya jingine, yenye idadi ya grandmasta inayotakiwa, mahususi kwa wanaowinda nomu. Akikosa wiki hii, anajaribu tena wiki ijayo. Simpunguzii mtoto huyu sifa hata kidogo, maana kete zilisogezwa kwa mkono wake. Ila mchezaji anayetoka Kampala au Lusaka hujaribu mara moja, viza ikiwa imebakiza siku chache, kisha hurudi nyumbani kuanza upya kuchangisha nauli.

Kaskazini mwa bara, ukaribu na Ulaya ulisaidia. Slim Bouaziz wa Tunisia, Mwafrika wa kwanza kuwa grandmasta, alikuwa kijana wa miaka 17 tu vigogo wa dunia walipokuja kucheza Sousse, nchini kwake, mwaka 1967, naye akawa miongoni mwa washiriki. Pamoja na bahati hiyo, cheo alikipata 1993.

Kwetu Afrika Mashariki, Uganda ndiyo iliyotangulia. Elijah Emojong na Arthur Ssegwanyi wana cheo cha Masta wa Kimataifa, ngazi moja chini ya grandmasta. Ngazi hiyo moja ndiyo ghali kuliko zote, kwa sababu zile nilizozieleza.

Kanuni zenyewe zina mlango wa pembeni. Bingwa wa Afrika anaweza kupewa ugrandmasta moja kwa moja, bila kungoja 2500. Kenny Solomon, aliyekulia Mitchells Plain, kitongoji cha Cape Town, aliupita Desemba 2014 alipotwaa ubingwa wa bara huko Windhoek, Namibia. Akawa wa pili kusini mwa Sahara, miaka saba baada ya Arnhem. Mlango huo hupitisha mtu mmoja tu kila mashindano, na mara nyingi waliosimama mbele yake ni Wamisri, watu wa nchi ya Bassem Amin, daktari wa tiba aliye Mwafrika wa kwanza kuvuka alama 2700.