Je, wajua? Ndoa ya Henri IV haikumpa ufalme wa Ufaransa

Muulize mtu aliyepitia historia ya Ufaransa juu juu jinsi Henri wa Navarre alivyogeuka kuwa Mfalme Henri IV mwaka 1589. Huenda akakujibu hivi: alimwoa Marguerite wa Valois, dada wa mfalme, mashemeji wakafa mmoja mmoja bila kuacha mwana halali, basi kiti kikamfikia mume wa dada. Ndoa ilikuwepo kweli, Paris, Agosti 1572. Mashemeji nao walikufa kweli, wa mwisho akiwa Henri III, aliyechomwa kisu na mtawa Jacques Clément. Ila ndoa hiyo haikumsogeza Henri karibu na kiti hata kwa hatua moja.

Kosa hili linaeleweka, maana baba yake Henri, Antoine de Bourbon, alipata ufalme kwa njia hiyohiyo: alimwoa Jeanne d'Albret, malkia wa Navarre (ufalme mdogo mpakani mwa Ufaransa na Hispania), akawa mfalme huko. Lakini Navarre mwanamke aliruhusiwa kurithi. Ufaransa hakuruhusiwa, wala hakuweza kumpitishia mume au mwanawe haki ambayo mwenyewe hakuwa nayo.

Ushahidi mzuri zaidi unatoka kwa maadui. Liga ya Kikatoliki, muungano wa Wakatoliki wenye msimamo mkali, haikutaka kumsikia Henri, kwa kuwa alikuwa Mprotestanti. Sasa ikamtangaza nani kuwa mfalme? Kardinali Charles de Bourbon, mzee asiye na mke wala mtoto, tena akiwa kifungoni. Alikuwa baba mdogo wa Henri, ndugu wa Antoine. Waliomkataa mtu walibaki kwenye ukoo wake. Mzee alifariki 1590. Mwaka 1593 Hispania ikamleta Isabella, binti wa mfalme wake na Élisabeth, dada mwingine wa Henri III. Mahakama kuu ya Paris (Parlement) ikatoa hukumu kwamba taji haliwezi kwenda kwa mwanamke wala kwa mgeni. Kama damu ya kina dada ingehesabiwa, Isabella angekuwa na hoja nzito, kwani Élisabeth alikuwa mkubwa kwa Marguerite.

Utaratibu wenyewe unafanana na mfereji wa kumwagilia mashamba. Maji huingia kwanza tawi la mtoto wa kiume wa kwanza, na maadamu tawi hilo lina kijito hata kimoja kinachotiririka, mengine hukaa makavu. Midomo ya matawi ya mabinti imezibwa udongo tangu juu. Tawi likikauka, maji hayaruki kwenda shamba jirani. Unapanda nayo hadi njia panda iliyo karibu, na pakiwa pakavu unapanda tena. Mwaka 1589 Wafaransa walipanda hadi kwa Mfalme Louis IX, aliyefariki mwaka 1270. Mwanawe mdogo, Robert wa Clermont, ndiye aliyeanzisha tawi la Bourbon, na tawi hilo lilikuwa bado lina maji. Zaidi ya miaka 300!

Kinachochekesha ni kwamba Henri III na Henri wa Navarre walikuwa jamaa wa karibu kabisa. Bibi mzaa mama wa Navarre alikuwa dada wa Mfalme François I, babu yake Henri III. Udugu huo ulipita kwa wanawake, kwa hiyo haukuhesabiwa. Ukahesabiwa ule wa karne ya 13.

Kanuni hii iliitwa Sheria ya Saliki, na ilisemekana kuwa ya tangu enzi za Wafranki, watawala wa kale wa nchi hiyo. Hapo inabidi kwenda polepole. Sheria hiyo ya kale ipo, imejaa faini za wizi wa nguruwe, na kifungu chake kuhusu mabinti kinazungumzia ardhi, si taji. Mabinti walianza kurukwa mwaka 1316, pale Philippe V alipompita Jeanne, binti wa kaka yake Louis X. Hoja ya Saliki ilikuja kushikiliwa baadaye. Jeanne akaambulia Navarre mwaka 1328, na kizazi chake ndicho kilichomzaa Henri wetu.

Tusizidishe chumvi lakini: nasaba peke yake haikumfikisha Paris. Ilibidi apigane, na Julai 1593 akaingia Ukatoliki huko Saint-Denis. (Ile kauli maarufu kwamba Paris inastahili misa, yaani jiji hilo lina thamani ya kubadili dini, hakuna uthibitisho kuwa aliitamka.) Machi 1594 jiji likamfungulia milango.

Na Marguerite? Ndoa ilibatilishwa mwaka 1599, na Henri akabaki mfalme vilevile. Mke wa zamani aliendelea kuitwa malkia, akarudi Paris mwaka 1605, akamwandikia mali zake Louis, mwana wa Henri na Marie de Médicis. Marie alipovishwa taji Mei 1610, Marguerite alikuwa kwenye msafara.