Faili la Maktaba Halijui Ulipo

Anayepekua kompyuta yake ya Linux na kukuta faili liitwalo Geoclue-2.0.typelib huweza kushtuka na kudhani amepandikiziwa mtambo wa kumfuatilia. Kujali faragha ni haki yake kabisa, ila hapa anamshuku asiyehusika.

Dhana: Faili hilo hurekodi ninakokwenda.

Ukweli: Hilo ni faili la maelezo tu. Lina majina ya vitendakazi (amri ambazo programu huziita) vya maktaba ya GeoClue, yaani msimbo ambao programu nyingine huutumia kuuliza kompyuta iko wapi, aina ya data ambayo kila kimoja hupokea, na kinachorudishwa. Kazi yenyewe imo kwenye libgeoclue-2.so, iliyoandikwa kwa lugha ya programu ya C. Skripti ya Python ikitaka kujua latitudo na longitudo, PyGObject, daraja linaloiunganisha Python na maktaba kama hizi, husoma maelezo yale, huandaa mwito unaofaa, kisha huupeleka kwenye maktaba. Skripti za JavaScript hupitia daraja lake, GJS, kwa mtindo huohuo. Na hata maktaba haipimi chochote: hupeleka ombi kupitia D-Bus, njia ya programu kuwasiliana ndani ya kompyuta, kwa huduma ya GeoClue, ambayo ndiyo hutafuta mahali na kusimamia ruhusa.

Wenye wasiwasi waangalie hapo kwenye ruhusa. Programu iliyofungiwa ndani ya Flatpak, mfumo unaotenga programu na sehemu nyingine za kompyuta, hutambulika vizuri. Programu ya kawaida hujitaja jina yenyewe, na huduma haina njia ya kuaminika ya kuhakikisha kwamba jina hilo ni la kweli. Huo ni udhaifu halisi, na kufuta faili la maelezo hakuuzibi.

Dhana: Nikilifuta, sionekani tena.

Ukweli: Utavunja skripti zinazolitegemea, basi. Programu za C zinazotumia maktaba moja kwa moja hazilihitaji, na tovuti zitaendelea kuiona anwani yako ya IP, namba inayokutambulisha kwenye intaneti. Zima huduma ya mahali kwenye mipangilio.

Dhana: Lugha fulani ya programu hutoa mahali sahihi zaidi.

Ukweli: Lugha zote hupokea jibu lilelile. Usahihi hutegemea chanzo: GPS hukaribia kwa mita chache palipo wazi, mawimbi ya WiFi hukadiria, na anwani ya IP mara nyingi huishia kwenye mji au nchi. Ndiyo maana GeoClue huambatanisha kiwango cha usahihi kwa mita. Naomba waandishi wa skripti wasikitupe. Mwaka 2016 iliripotiwa kwamba hifadhidata ya MaxMind, kampuni inayokadiria mahali pa anwani za IP, ilikuwa imezielekeza anwani za IP zaidi ya milioni 600 kwenye nukta moja karibu na katikati ya Marekani, kwa kuwa nchi tu ndiyo iliyojulikana. Nukta hiyo iliangukia shamba la watu huko Kansas, na kwa miaka mingi walivamiwa na polisi na watu waliotafuta wezi. Kampuni ikaihamishia nukta hiyo kwenye maji.

Dhana: GeoClue ikishasakinishwa, itafanya kazi daima.

Ukweli: Huduma ya mahali ya Mozilla, ambayo GeoClue iliitegemea kutambua mahali kwa mitandao ya WiFi, ilifungwa mwaka 2024. Mafaili hayakubadilika hata herufi moja, lakini majibu ya WiFi yalikoma. Aliyekwama hana haja ya kusakinisha maktaba upya. Anwani ya huduma nyingine huandikwa kwenye /etc/geoclue/geoclue.conf, katika sehemu ya wifi.